Mwandiko wa Mgombea

Mwanangu alikuwa Tanga kwa bibi yake, na mimi nilikuwa Silver Spring nikimvalisha soksi bibi wa watu. Naanzia hapo. Wenzangu wakisimulia Marekani huanza na uwanja wa ndege na baridi, lakini baridi dawa yake koti. Soksi zile zilikuwa za kubana, za watu wa miguu inayovimba, na ilibidi nipige magoti sakafuni, nizikunje mpaka kwenye vidole, halafu nizivute kidogo kidogo kama mtu anayetia mto ndani ya foronya iliyo ndogo kuliko mto. Kila siku saa tatu asubuhi. Kule kwetu saa hizo ni saa kumi na moja jioni. Nikivuta soksi najiuliza: amekula? Ameoga? Nani anamsuka?

Nilimwacha ana miaka mitatu. Wakati wa mambo haya alikuwa anakaribia sita.

Tulivyomwacha ni hivi. Mume wangu alishinda bahati nasibu ya viza, sote watatu tukapata karatasi, na mama yake akasema, "Nendeni mkapajue kwanza. Mtoto hapelekwi mahali ambapo wazazi wenyewe hawapajui." Mimi nilikuwa na miaka ishirini na miwili, nimemaliza kidato cha nne, na katika nyumba ile neno langu lilikuwa na uzito wa jani la mchicha. Mume wangu akasema sawa. Mimi nikanyamaza. Hilo sijamsamehe mtu yeyote, nikianza na mimi.

Mama mkwe aliweka sharti moja, mbele ya watu. "Siku mkiwa tayari, mwanangu aniandikie kwa mkono wake. Nitampeleka mtoto Dar mimi mwenyewe." Kwa mkono wake yeye. Wangu haukutajwa.

Sasa yule mwenye mkono. Mwaka wa pili alipata kazi ya ghala kule Sterling, karibu na uwanja wa ndege, akasema ni mbali, atapanga chumba na wenzake na kurudi kila Jumapili. Akarudi kila Jumapili, kisha Jumapili moja moja. Mara ya mwisho alikuja kuchukua pasi ya umeme. Alisimama mlangoni ameishika na waya unaning'inia, akaniuliza kama nina shida yoyote. Mwanamume anayefuata pasi maili zote zile hana nia ya kurudi. Ana shati la kumwonyesha mtu. Baadaye nilisikia mtu mwenyewe ni nani, na sitamtia humu, hajanunua nafasi.

Mama yake hakujua. Hakujua kwa sababu barua zilikuwa zinafika.

Hapa ndipo watu wakinisikiliza hukunja uso, kwa hiyo nieleze vizuri. Mume wangu ni mvivu wa kuandika. Tangu mwezi wa kwanza alikuwa akijinyoosha kwenye kochi na kuniambia, "Niandikie wewe mama, unajua kupanga maneno. Mwambie nawasalimu wote. Mwambie nitatuma kitu." Basi, barua imekwisha. Lakini mama yake anaujua mwandiko wa mwanawe, amekaa na madaftari yake kabatini miaka yote, na asingependa kuona mwandiko wa mkwe. Kwa hiyo nikajifunza kuandika kama yeye: mistari inayopanda kuelekea kulia kama inakwea kilima, na mkia wa herufi ya g unaorudi nyuma kama ndoano. Mama hakusoma sana, alikuwa akisomewa na mwalimu jirani, lakini karatasi alikuwa akiitazama kwanza yeye.

Na kwa kuwa salamu za mume wangu hazikujaza hata robo ya ukurasa, nikawa najaza mimi. Niliuliza goti la mama linaendeleaje. Niliuliza kama paa la jiko bado linavuja. Niliuliza kama mtoto analala bila kulia, na kama bado anaogopa jogoo wa mwalimu. Niliuliza ninayotaka kujua, nikatia sahihi ya baba yake.

Alipoondoka na pasi yake, sikukaa nikaamua kudanganya. Mwezi ukaisha, nikaandika, kama kawaida. Mwezi mwingine, nikaandika. Kwetu mtoto ni wa baba. Msichana akifika miaka saba na mama yake ameachwa, wazee hukaa chini, na maneno huwa mafupi: mtoto abaki kwao. Mwanamke aliyeachwa ugenini ataombaje mtoto, na kwa mdomo upi? Nikajiambia, bora nipate nguvu ya kumleta kabla hawajajua kwamba hakuna tena anayeitwa mume. Kwa hiyo nilikuwa mke wa mume niliyekuwa nikimwandika mwenyewe. Cheka ukitaka.

Bibi wa soksi nilipewa na kampuni ya kutunza wazee majumbani. Mjane, nyumba ya matofali mekundu, treni ya mjini ikipita unasikia vikombe vinagongana kabatini. Mwana mmoja, yuko California, anapiga simu Jumapili dakika kumi. Yule bibi aliniita mpenzi, kama wanavyomwita kila mtu huku, hata muuza sandwichi. Mimi kwa Kiingereza nilimwita madamu, moyoni nilimwita bibi. Tulikuwa wawili katika nyumba ya vyumba saba, na siku nyingine tulimaliza asubuhi nzima hatujasema zaidi ya "inua mguu" na "asante".

Mkono wake wa kulia ulikuwa unatetemeka. Ilipokaribia Krismasi akaniletea boksi la kadi na orodha ya majina.

"Niandikie," akasema. "Lakini andika kama ningeandika mimi. Wakiona mwandiko mwingine watajua nimekwisha."

Akanionyesha barua yake ya zamani. Nikaitazama, nikajaribu kwenye gazeti mara mbili tatu, nikaandika kadi ya kwanza. Akaivuta, akavaa miwani, akaileta karibu na pua. Kisha akanitazama mimi badala ya kadi.

"Hujaanza leo," akasema.

"Nimeanza nini?"

"Usinifanye mtoto. Mtu wa kawaida akiiga mwandiko huiga herufi. Wewe umeiga haraka ya mkono wenyewe. Nani alikufundisha?"

Nikamwambia hakuna. Akacheka mpaka akakohoa, nikampa maji.

"Basi mimi nilifundishwa," akasema. "Nilimpeleka mtu Seneti kwa mkono huu."

Nikajua kichwa kinaanza kuondoka, maana kampuni ilishatuonya kuhusu wazee. Nikasema ndiyo madamu, nikaendelea kuandika. Lakini kichwa kilikuwa kizima kuliko changu.

Miaka ya hamsini ilikuwa ndiyo kwanza inaanza. Mumewe alikuwa amepelekwa vitani Asia, yeye ana miaka ishirini na minne, mtoto kitandani, jirani hata mmoja hamjui. Jimbo zima lilikuwa linachagua seneta mmoja. Kiti kilikuwa na mwenyewe, mzee aliyekikalia muda mrefu mpaka watu wakadhani amekirithi. Aliyetaka kumng'oa alikuwa wakili ambaye nje ya ofisi yake hakuna aliyemjua. Na jimbo hili ni refu, lina milima upande mmoja, na upande wa pili wa ghuba lina vijiji ambavyo wakati huo ulivuka kwa feri. Mtu asiyejulikana ataingiaje kila nyumba mle?

Akaingia kwa kadi. Mama mmoja wa kanisani alimletea yule bibi kazi ya kufanya nyumbani: boksi la postikadi tupu, stempu, majina ya wapiga kura, na postikadi moja iliyoandikwa tayari ya kuigiza. Ilisema, ndugu fulani, nitaona fahari ukinipa kura yako, na ukiwa na shida yoyote niandikie. Chini jina lake la kwanza tu, kama rafiki. Wanawake wa jimbo zima walikaa kwenye meza za jikoni, watoto wakilala, wakaandika kadi zile kwa kalamu, moja moja, na wote walikuwa mtu mmoja.

"Nilipeleka boksi la kwanza likarudishwa," alisema bibi. "Nimeandika vizuri mno. Wakaniambia, hii ni hati ya mwalimu wa kike. Mwanamume anayeomba kura ana haraka. Herufi zinakimbia, mwisho wa mstari zinagongana. Na zisifanane, ukizifananisha zinakuwa za mashine. Mara moja moja kosea neno ulikate."

"Na yeye mwenyewe aliandika ngapi?"

"Ile moja ya kuigiza," akasema. Akafikiri. "Na hata hiyo siku hizi sina hakika."

Nikacheka. Nilikuwa sijacheka na mtu siku nyingi, mpaka sauti yangu ikanishtua. Tukawa tunaandika kadi za Krismasi, yeye akisimamia. "Hiyo imenyooka sana. Mimi ni mgonjwa, mpenzi, nitetemeshe kidogo." Siku tatu zile zilikuwa nzuri. Siwezi kusema uongo, japo nimeshakiri kwamba naweza.

Siku ya nne akanieleza mwisho wake. Wiki ya mwisho ya kampeni lilitoka gazeti la bure, na ndani picha ya yule mzee wa kiti amekaa sikio kwa sikio na mkuu wa wakomunisti, mtu ambaye nchi nzima ilikuwa inamwogopa. Hawakuwahi kukaa hivyo. Ni picha mbili, mtu kashika mkasi na gundi. Wakili akashinda. Kukawa na kelele, watu wakaitwa kuhojiwa na Seneti, bibi yeye hakuitwa.

"Lakini ile picha si kazi yetu," akasema. "Sisi tulikuwa wa kadi."

Nikamwambia, "Mwizi wa kuku anamcheka mwizi wa mbuzi." Ilibidi nimtafsirie polepole. Hakukasirika. Alifumba macho, na nilipofikiri amesinzia ndipo akamtaja shangazi yake.

Shangazi alikuwa mjane, anaishi ng'ambo ya ghuba, kwenye vijiji vya wachambua kaa. Tangu azike mumewe alikuwa hatoki, kanisani haendi, pazia limefungwa. Jina lake likaangukia katika orodha ya mpwa wake. Bibi akaandika kadi kama zote, halafu, sijui ni huruma au mchezo, akaongeza sentensi ambayo haikuwa kwenye kadi ya kuigiza: *Natumaini upepo wa juzi haukuyaumiza mawaridi yako.* Maana aliyajua yale mawaridi, alikua nayo.

Shangazi aliibeba kadi ile mtaa mzima. Mgombea useneta anajua mawaridi yangu! Siku ya kura akavaa kofia yake, akafungua pazia, akasimama foleni. Na baada ya ushindi akamwandikia seneta wake, si alisema ukiwa na shida niandikie? Shida yake ilikuwa pensheni ya marehemu, imekwama mahali. Hakujibiwa. Akaandika tena. Kila mpwa wake akienda kumwona anamkuta amekaa karibu na dirisha linalotazama njia ya tarishi. "Ana kazi nyingi," shangazi alikuwa akimtetea. "Lakini mtu aliyekumbuka mawaridi hawezi kunisahau." Alikufa kadi imo ndani ya Biblia yake.

"Na wewe hukumwambia," nikasema.

"Ningemwambia nini?"

"Basi si ungemjibu wewe! Mwandiko ulikuwa nao!"

Bibi akanitazama kama nimesema kitu cha ajabu. "Kampeni ilikuwa imekwisha," akasema.

Nilisimama nikaenda jikoni nikafungua bomba nikaacha maji yamwagike. Nilikuwa na hasira nataka kuvunja sahani. Mwanamke mzima unamfungulia mtu pazia, halafu unamwacha hapo dirishani! Hasira ile nilirudi nayo nyumbani, nikammwagia mwenzangu wa chumba, dada mmoja wa Mombasa anayefanya kazi ya kusafisha hoteli. Alikuwa anakaanga samaki. Alinisikiliza mpaka mwisho, akageuza samaki.

"Na weye wataka nini kwa bibi wa watu?" akasema. "Weye mwenyewe si ndiye seneta wa Tanga?"

"Mimi ni tofauti."

"Tofauti gani, mama? Yule mwenziyo alidanganya jimbo zima, weye wadanganya kijumba kimoja. Basi kama wadanganya, danganya ufike! Andika ile barua ya kuomba mtoto, aje, uache kunililia hapa kila siku. Wangojea nini, kura zihesabiwe?"

"Ikigundulika je?"

"Igundulike mara ngapi? Mume huna, mtoto huna. Wataka kuogopa kunyang'anywa nini, hiki kijiko?" Akanipiga nacho begani. Mafuta yakaingia kwenye blauzi.

Nikaandika. Niliandikia kwenye meza ya bibi, asubuhi, baada ya dawa kumlaza. Sijawahi kuandika barua nzuri kama ile, na nasema hivyo bila aibu. Herufi zilikimbia, mistari ilikwea. Nilikosea neno moja nikalikata. *Mama, shikamoo. Sasa tuko tayari. Karatasi za mtoto zote zipo Dar, ubalozini, wanamngoja yeye. Nakuomba umpeleke, shemeji yangu atakupokea na kumsafirisha. Na goti lako, usipande basi la usiku, baridi italiumiza.* Shemeji niliyemtaja ni kaka yangu. Nikaweka sahihi ya mume wangu, nikaipeleka posta kabla moyo haujabadilika.

Wiki zikapita. Nilikuwa nikifungua sanduku la barua kabla sijavua koti. Zikaja bili, zikaja karatasi za kuuza pizza. Hatimaye ikaja bahasha ya Tanga, na juu yake jina langu. Jina langu mimi. Tangu nifike Amerika mama mkwe hakuwahi kuniandikia, alikuwa akimwandikia mwanawe na mimi nasalimiwa mstari wa mwisho. Ndani, mwandiko wa mwalimu jirani: *Piga simu kwangu Jumamosi saa kumi na moja jioni ya huku. Mama anataka kusema na wewe. Wewe, si yeye.*

Jumamosi ile dada wa Mombasa alikuwa kazini. Nilikaa sakafuni na kadi ya simu ya kukwangua, nikakosea namba mara mbili.

"Shikamoo mama."

"Marahaba. Mwanangu amekuacha tangu lini?"

Hivyo hivyo, hata hujambo hakuna. Nikafungua mdomo kusema amekwenda kazini, ametoka kidogo, anawasalimu wote. Uongo haukutoka.

"Mwaka na zaidi, mama."

"Nilikuwa nimekisia hivyo."

"Mama, zile barua..."

"Barua nazijua. Yule nimemzaa mimi. Hajawahi kuniuliza goti langu tangu azaliwe. Goti limeanza kuniuma yuko darasa la nne, nimekaa sakafuni siwezi kuinuka, akaniruka kama mfereji akaenda kucheza mpira. Leo aende Ulaya ndiyo alikumbuke?" Kwake yeye Ulaya na Amerika ni nyumba moja.

"Umejua tangu lini?"

"Ya kwanza nilifurahi. Nikasema, nchi ya watu imemfunza adabu. Ya pili nikasema a-a, hakuna nchi yenye fimbo hiyo."

Nikasikia mtu anacheka nyuma yake, nadhani mwalimu. Mimi nilikuwa nalia, nikaudhika kwamba nalia.

"Kwa nini hukusema, mama? Miaka yote hii!"

Dakika za kadi zilikuwa zinakwenda. "Ningesema, ungeacha kuandika," akasema. "Mwalimu alikuwa akinisomea mara mbili. Namwambia, rudia pale pa goti."

Kwa miaka yote niliyomwogopa mwanamke yule sikuwahi kufikiri kwamba naye amekaa mahali anangoja tarishi.

"Mtoto je, mama?" nikauliza.

"Kwa barua ile simtoi. Unataka nisimame mbele ya wazungu niseme mwanangu kaniandikia? Uongo wa mimi na wewe nimeubeba, si mzito. Huo mwingine hapana. Ukimtaka mwanao, njoo umchukue kwa mkono wako."

"Nikija utanipa?"

"Nikikupa nitabaki na nani?" Halafu, kwa sauti ya kugomba, kama mimi ndiye niliyembishia: "Wewe njoo!"

Akampa simu mtoto. Nikasikia pumzi yake kabla ya sauti.

"Mama, shikamoo. Bibi anasema wewe ndiye baba wa barua."

"Nani?"

"Wewe. Baba wa barua ni wewe." Akacheka, akaona ni mchezo mzuri sana, akairudisha simu.

Jumatatu nikamwambia bibi wa soksi kwamba naondoka. Nilimwambia nimepiga magoti, mguu wake mkononi.

"Muda gani?"

"Sijui. Miezi miwili, mitatu."

"Nani atanivalisha?"

"Kampuni italeta mwingine."

"Anajua kuandika?"

"Mwambie mwanao aje akuandikie," nikasema. Ilinitoka. Bibi akaangalia ukutani. Nilimaliza soksi ya pili, nikampa chai, nikaosha kikombe. Sikumwomba radhi siku ile, nikasema nitamwomba nikirudi.

Karatasi moja ilihitaji sahihi ya baba. Mama mkwe alimpigia mwanawe simu mwenyewe, kutoka kwa mwalimu. Alimwambia nini sijui, ila bahasha kutoka Sterling ilifika kwangu siku ya tatu. Nikautazama mwandiko wake halisi kwa muda mrefu. Mistari haikuwa inapanda tena, ilikuwa inashuka, na ile g haikuwa na ndoano yoyote. Kwa miaka miwili nilikuwa nimemtunza mtu ambaye yeye mwenyewe alishamtupa.

Nilikwenda Tanga, nikamchukua. Mama mkwe alimsuka asubuhi ya safari, akavuta nywele mpaka mtoto akalia, akafunga mafundo ya kudumu mwezi mzima. Hakuja stendi kwa sababu ya goti. Alisimama kwenye kizingiti ameshika mwimo wa mlango, na nilipomwinamia kumuaga akasema, "Haya, nendeni, jua linapanda," akaingia ndani kabla hatujafika barabarani. Mtoto aligeuka kumpungia, mlango ukawa mtupu.

Niliporudi Silver Spring nyumba ya matofali mekundu ilikuwa na kibao cha kuuzwa. Bibi alikuwa amepelekwa kwenye nyumba ya wazee kule Columbia. Kampuni haikunipa namba ya chumba, mimi si ndugu.

Na mwanangu ninaye. Hilo ndilo nililolitaka, nimelipata, naliandika hapa ili nilione. Analala kitanda kimoja na mimi, uso kauelekeza ukutani. Nikimgusa haondoki, wala hasogei karibu. Anakula ninachopika. Anasema asante mama, vizuri, kama mgeni aliyefunzwa. Mafundo ya bibi yake alinikatalia kuyafumua mpaka nywele zikaanza kukatika. Shuleni wananiambia ni mtoto mtulivu. Hawajui kwamba Tanga alikuwa akisikika mpaka kwa mwalimu.

Juzi alirudi shule, akavua viatu, akaniletea karatasi na penseli.

"Mama, niandikie bibi barua."

"Nimwambie nini?"

"Niandikie tu kama mimi. Ulivyokuwa unaandika kama baba."

Nilishika penseli. Nakiri kwamba niliishika, na kichwani nilishaanza: herufi kubwa, zimelala, moja imegeuzwa kinyume, barua ingekuwa ya furaha. Bibi, shikamoo, nasoma vizuri, mama ananipenda. Goti lako. Kisha nikamrudishia.

"Andika mwenyewe," nikasema.

"Sijui!"

"Unajua. Umefundishwa shule ya vidudu."

Alilia kwa hasira, na hasira ile naijua imetoka kwa nani. Akapiga meza. Sikuinuka. Mwishowe akakaa, akakandamiza penseli mpaka karatasi ikatoboka mahali pawili, ulimi nje, herufi moja moja, muda wote niliokuwa napepeta mchele. Akanipa bila kunitazama, akaenda dirishani.

*Bibi huku baridi. Mama anaenda kazi. Njoo unichukue.*

Nikaisoma mara mbili. Niliandika anwani juu ya bahasha kwa mwandiko wangu, nikabandika stempu, nikavaa koti, nikamshika mkono tukaipeleka posta.